Jiwe linalotutaja bila majina

Hotuba mbele ya walimu na wanafunzi wa Kiswahili, Chake Chake, Pemba

Assalamu alaykum warahmatullahi wabarakatuh.

Mashekhe zangu, walimu wenzangu, wazee mliokuja na bakora zenu kunisikiliza, na nyinyi wanangu mliokaa mikekani kwa kuwa viti vimetuishia, ahsanteni. Niliombwa nizungumze juu ya sanaa na historia. Nikakubali, kisha nikalala siku tatu na swali: historia ipi? Nimechagua ile tunayoikwepa, ya watu kuuana kwa jina la dini, na namna mauaji yale yanavyoendelea kukaa nasi ndani ya nyimbo, picha, tenzi, na hata ndani ya maneno tunayoyasema kutwa bila kujiuliza tumeyatoa wapi.

Tuanze na neno moja. Gereza. Aliyewahi kupanda boti akashuka Unguja anaijua Ngome Kongwe pale Forodhani. Wazee wa Mji Mkongwe wakiiita Gereza. Waarabu wa Oman waliijenga baada ya kuwafukuza Wareno mwishoni mwa karne ya 17, na waliijenga pahala palipokuwa na kanisa la Wareno. Sasa, Mreno kanisa huliita igreja. Watu wa lugha wanatwambia ndimo neno letu lilimotoka. Nyumba ya ibada ikawa boma la mizinga, boma likawa jela, na neno likazifuata safari zote tatu. Leo mama akilia kuwa mwanawe yuko gerezani, mdomoni mwake mna kanisa lililovunjwa zaidi ya miaka 300 iliyopita. Hakuna aliyekaa akalitunga neno hilo. Limetungwa na vinywa vingi, na hiyo nayo mimi naihesabu kuwa sanaa, tena kongwe kuliko utenzi wowote niujuao.

Maneno mengine waliyotuachia hayana uchungu. Meza, bendera, leso. Bibi yangu alikuwa akinipeleka kutazama mchezo wa ng'ombe, nami mdogo nikimshika pindo la nguo kwa khofu. Mnaujua wenyewe: ng'ombe dume na kamba yake, wanaume wakimchokoza kwa kitambaa, yeye akiwarukia, wanawake pembeni wakiimba na kuwacheka wanaokimbia. Ng'ombe hauawi. Mchezo ukisha hurudi zizini kwake. Wazee wanasema Wareno ndio walioutuachia. Basi siku moja bibi alinifuta vumbi machoni kwa leso yake, na mimi sikujua, wala yeye hakujua, kuwa kitambaa kile kina jina la Kireno na mchezo tuliokuja kuutazama una nasaba ya Kireno. Tulikuwa tunafurahi tu. Niliendelea kufurahi hivyo hadi nilipofika Mombasa nikiwa mtu mzima.

Nilikwenda na wanafunzi. Tukaingia Ngome ya Yesu, ile waliyoianza Wareno mwaka 1593. Juu ya lango kuna jiwe lenye maandishi ya Kireno. Watoto walikuwa wanataka kwenda kuona mizinga, wakanivuta. Mtembeza wageni, kijana mpole, akatusimamisha. Akainua kijiti akaanza kutufasiria mstari kwa mstari. Jiwe ni la mwaka 1639. Linamsifu kapteni wa ngome, Francisco de Seixas de Cabreira, aliyepewa ukapteni mwaka 1635 akiwa na umri wa miaka 27. Linasema aliikarabati ngome. Linasema aliwatiisha watu wa pwani hii walioasi. Linasema aliiadhibu Pate na Siyu hadi akazibomoa kuta za miji yao. Kijiti kikasogea. Na Pemba, akasema kijana, aliiadhibu pia, akawaua magavana waasi na watu wakubwa wote wa kisiwa.

Nikamwambia arudie. Akarudia.

Wanangu, nilisimama pale na jua la saa saba likinipiga utosini, na lile genge la watoto wa Kipemba nyuma yangu likanyamaza lote kwa pamoja. Mmoja akaniuliza, "Mwalimu, ni sisi hao?" Nikamjibu, ndio, ni sisi. Akauliza, "Wanaitwaje?" Nikalitazama tena jiwe. Jina la aliyeua limo. Umri wake umo. Zawadi aliyopewa na mfalme wake kwa kazi ile imo, maana jiwe linaendelea kutaja na cheo alichopandishwa. Waliouawa hawana hata jina moja. Ni "watu wakubwa wa Pemba", basi.

Hilo ndilo linalonikeresha, na ndilo lililonileta mbele yenu. Wazee wetu wale hawakusahauliwa. Wamekumbukwa, tena kwa jiwe zuri lililochongwa kwa ufundi, wageni kutoka dunia nzima wanapita chini yake kila siku. Wamekumbukwa na aliyewaua.

Msidhani jambo hili ni la kwetu peke yetu. Ufaransa, mwaka 1572, mwezi wa Agosti, Wakristo waliwaua Wakristo wenzao. Mji mkuu Paris ulikuwa umejaa wageni wa harusi ya kifalme. Bibi harusi Mkatoliki, bwana harusi Mprotestanti, na ndoa ile ilitarajiwa ilete suluhu. Siku sita baada ya harusi, usiku wa kuamkia sikukuu ya Mtakatifu Bartholomayo, mauaji yakaanza. Waprotestanti wakachinjwa majumbani mwao na mabarabarani, miili ikatupwa mtoni, na kutoka Paris moto ukaenda miji mingine. Waliokufa ni maelfu.

Habari ilipofika Roma, Papa Gregorio wa 13 alishangilia. Akaamuru ipigwe medali yenye malaika aliyeshika msalaba mkono mmoja na upanga mkono wa pili. Akamwita Giorgio Vasari, mchoraji mkubwa wa zama zile, amchoree mauaji yale kwenye kuta za ukumbi wa wafalme huko Vatikani. Picha hizo zimo ukutani mpaka leo. Ni jiwe la Mombasa lile lile, ila lile limechongwa na hizi zimepakwa rangi.

Lakini alikuwapo mchoraji mwengine. François Dubois, Mprotestanti wa mji wa Amiens, mkimbizi, aliyefia Geneva mwaka 1584. Yeye hakuwa na papa wa kumlipa. Alichukua ubao usiofika hata mita mbili kwa upana, akauchora mji mzima ukiuliwa. Mwalimu mwenzangu alinionyesha picha hiyo kwenye simu, nikaikuza kwa vidole nikawa natembea ndani yake kichochoro kwa kichochoro. Kuna mwili unaoning'inizwa dirishani, ni wa Amiri Coligny, kiongozi wa Waprotestanti, na chini ya dirisha yupo tena, keshakatwa kichwa. Nyuma kabisa, mbele ya kasri, yuko mwanamke aliyevaa nguo nyeusi ameinama kidogo kuangalia rundo la maiti waliovuliwa nguo. Huyo ni Catherine de' Medici, mama wa mfalme. Amemchora mdogo sana, kama sisimizi, kiasi kwamba lazima umtafute. Na ukishamuona huwezi tena kuacha kumuona.

Mkitaka kufahamu leo Wafaransa wanaukumbuka vipi usiku ule, ni kwa ubao wa yule mkimbizi. Vitabu vya skuli vinauchapa huo. Vasari alikuwa na ufundi kumshinda, alikuwa na fedha, alikuwa na ukumbi wa Vatikani. Dubois alikuwa na maiti wake, akawachora mmoja mmoja.

Sasa turudi nyumbani, na hapa mashekhe zangu mtaniwia radhi nikipita mahala penye miiba.

Siku ya kumi ya Muharram, mwaka 61 Hijria, Oktoba 680 kwa miladi, Husein bin Ali, mjukuu wa Mtume, aliuliwa Karbala pamoja na jamaa zake, wamezuiliwa maji ya Furati. Waliomuua walikuwa wakisali kibla kimoja naye. Mimi ni Shafi, na nilikua sijui kuomboleza siku hiyo. Kwetu Ashura ni siku ya kufunga. Kwa mara ya kwanza niliyaona maombolezo ya Mashia Mji Mkongwe nilipokwenda kusoma Unguja. Nilikuwa nakatiza vichochoroni usiku narudi kwa mjomba. Nikasikia sauti ya vifua, vifua vingi vinapigwa kwa pamoja, na juu yake mtu mmoja anasoma kwa sauti ya kilio. Bendera nyeusi zilikuwa zinapita. Nilijibanza barazani. Mzee mmoja aliyekuwa akigawa maji akanipa gilasi bila kuniuliza mimi nani wala madhehebu yangu. Nikanywa. Akaniambia, "Hayo ndiyo waliyonyimwa."

Maneno matatu. Nilikuwa nimekisoma kisa kile chuoni, nimekisikia kwenye mawaidha, lakini koo langu lilikuwa halijawahi kukisikia.

Na kisa hicho hakikukaa kwa Mashia tu. Hemed bin Abdallah el-Buhriy, mtunzi wa Mrima, pwani ya bara, aliyefariki mapema karne ya 20, alikitungia utenzi kwa Kiswahili, Utenzi wa Seyyidna Huseni bin Ali. Huyu ndiye pia aliyetunga utenzi wa vita vya Wadachi, yaani Wajerumani, kuitwaa Mrima, kwa hivyo alikuwa anajua kuandika damu ya zamani na damu ya jana. Wanafunzi wangu, umbo la utenzi mnalisoma kwa ajili ya mtihani: ubeti una vipande vinne, kila kipande mizani minane, vitatu vya mwanzo vina kina kimoja, cha nne kina kina chake ambacho hakibadiliki tangu ubeti wa kwanza hadi wa mwisho. Nataka mlione na jambo jengine. Kile kina cha kituo ni kamba. Msomaji akipotea katikati ya vita, farasi wakachanganyika, majina ya Waarabu yakamzidi, kamba ile inamrejesha. Ndiyo maana bibi asiyejua kusoma aliweza kushika beti mia tatu za kufa kwa mtu wa Karbala akazisoma usiku huku anasuka ukili. Kanuni ile haikuwekwa ili kuwatesa watahiniwa. Iliwekwa ili wafu wasipotee njiani.

Kuhusu Wareno pia pwani yetu ilitunga. Zipo tungo fupi za kale, nyengine mistari miwili tu, zinamwita Mreno kwa jina la Manueli na kumwambia aende zake, na msalaba wake auchukue mabegani. Mistari miwili imeishi kuliko mizinga ya Ngome ya Yesu, iliyonyamazishwa na Waomani mwezi Disemba 1698 baada ya kuizingira kwa karibu miaka mitatu. Nazipenda tungo zile. Lakini nimezisoma sana, na kila nikizisoma naona zinasema upande mmoja tu, nami nikizisifu leo bila kusema upande wa pili nitakuwa nachonga jiwe kama la Cabreira.

Upande wa pili ni huu. Kwa nini Cabreira alikuja Pemba kuua? Alikuja kwa sababu ya yaliyotokea Mombasa mwaka 1631. Kulikuwa na mtoto wa mfalme jina lake Yusuf bin Hasan. Baba yake, Sultan Hasan, aligombana na Wareno, akauliwa mwaka 1614 kwa njama zao, na kichwa chake kikapelekwa Goa, makao ya Wareno huko Uhindi. Mtoto naye akapelekwa Goa. Mapadri wa Augustino wakamlea, wakambatiza, wakamwita Jerónimo. Mwaka 1626 wakamrejesha Mombasa awe mfalme wa Mombasa, Malindi na Pemba. Alikuwa mfalme wetu, basi, japo wa kuwekwa. Huko akawa anakwenda kwenye kaburi la baba yake kumuombea kwa namna ya Kiislamu. Akaonekana, akasemewa. Agosti 1631, kabla hajakamatwa, yeye akatangulia. Akaingia ngomeni na watu wake akamuua kapteni. Kisha Wakristo wa mji wakaambiwa wachague: wasilimu au wafe. Waliuliwa zaidi ya watu 100. Walikuwamo Wareno, wamo mapadri, wamo wanawake. Na walikuwamo Waafrika, watu wa pwani hii hii, walioingia Ukristo na wakakataa kuutoka.

Kanisa liliandika ushahidi wao huko Goa mwaka uliofuata, wakaitwa mashahidi wa Mombasa. Kwa Kiswahili, hao walionena Kiswahili, sijapata kumuona aliyewatungia.

Najua kuna anayejiuliza sasa hivi moyoni: mwalimu, unatutaka tuwalilie na wao? Ndugu yangu, nitakujibu kwa uwazi. Ndio. Yusuf nina huruma naye. Mtoto aliyeletewa habari za kichwa cha baba yake nitamhukumu kwa upole kuliko ninavyomhukumu Cabreira. Lakini mwanamke aliyekuwa anasali ndani ya nyumba yake Mombasa hakumkata mtu kichwa. Na lau tutatunga juu ya wazee wa Pemba waliouliwa na Wareno, tukawaruka wale, tutakuwa tumemkodi Vasari. Damu ya 1631 na damu ya Pemba ya miaka ile iliyofuata zimefungwa kwa uzi mmoja, ukiuvuta huku unasikika kule. Mtunzi anayeukata uzi huo ili apate shujaa aliye safi, mimi simwamini, hata vina vyake viwe vitamu namna gani.

Ndani ya Ngome ya Yesu kuna kitu kimoja zaidi nilichotaka kukutajieni. Kuna ukuta uliochorwa na askari na mabaharia wa Kireno kwa makaa na udongo mwekundu, karne ya 17 mwanzoni. Wamechora meli, misalaba, watu. Si wachoraji, ni vijana waliochoka zamu. Meli zimechorwa kwa mapenzi, na kamba zake, kama anavyochora mtoto wa Mkoani ngalawa ya baba yake kwenye daftari. Waliozichora walikuwa wanataka kwenda kwao. Yule mwanafunzi wangu aliyeuliza "Wanaitwaje?" alisimama mbele ya ukuta ule muda mrefu kuliko alivyosimama mbele ya mizinga. Nilimuacha.

Tangu safari ile nimekuwa nikiandika utenzi. Unakwenda polepole, kazi ya skuli mnaijua. Nitakusomeeni beti tatu, kisha nishuke.

Ubeti wa kwanza ni wa Yusuf, siku anayotoka makaburini:

Yusufu alipotoka
kaburini kuinuka
moyoni yakamuwaka
ya babaye kuuliwa.

Wa pili ni wa Wakristo wa Mombasa:

Ngomeni kulikolala
watoto wasio hila
na wanaoshika sala
na wao wakauawa.

Wa tatu ni wetu:

Wakuu wetu Pembani
jiwe lawataja ndani
majina yao ni nani

Hapa ndipo nilipofika. Kipande cha nne nimekijaribu mara nyingi, kila mara nakifuta. Nimeacha daftari lile pale mezani karibu na mlango, na kalamu ndani yake. Mizani ni minane na kina cha kituo ni wa.